Musa wa DeMille: Miaka 30 iliyoongezwa, aya zilizokatwa

MAKALA MAALUMU
Na Mwandishi Wetu

Usiku wa Novemba 8, 1956, taa za ukumbi wa sinema wa Criterion jijini New York zilizimwa, na watu waliokuja kuiona Misri ya kale wakaoneshwa pazia. Katikati ya pazia hilo akapenya mzee mwenye upara, amevaa suti, akasimama mbele ya maikrofoni na kuanza kuzungumza nao.

Mzee huyo alikuwa Cecil B. DeMille, mwongozaji na mtayarishaji wa The Ten Commandments, yaani Amri Kumi. Alikuwa na miaka 75, na hii ingekuwa filamu yake ya mwisho kuiongoza. Aliwaambia watazamaji kwamba hadithi watakayoiona inauliza swali moja: je, binadamu ni mali ya dola, au ni roho huru chini ya Mungu?

Kisha akakiri jambo ambalo waongozaji wengi wangelipitia kimyakimya. Biblia, alisema, inaruka takriban miaka thelathini ya maisha ya Musa. Ili kuliziba pengo hilo, yeye na wenzake walikwenda kwa waandishi wa kale, miongoni mwao Philo na Josephus.

Pengo lipo kweli. Fungua Kutoka sura ya 2. Katika aya ya 10, mtoto anakabidhiwa kwa binti Farao na kupewa jina. Katika aya ya 11 amekwisha kuwa mtu mzima, anakwenda kuwaangalia ndugu zake na kuona mateso yao. Kati ya aya hizo mbili hakuna neno hata moja.

Filamu nzima ina urefu wa karibu saa tatu na dakika arobaini. Mapumziko yanaingia baada ya zaidi ya saa mbili, na kufikia hapo Musa ndiyo kwanza ametoka kwenye kichaka kinachowaka moto. Hakuna pigo lililoipata Misri, hakuna bahari iliyogawanyika. Yote hayo ya nusu ya kwanza yanalingana na sura tatu za mwanzo za Kutoka, jumla ya aya 69, ambazo msomaji wa kawaida huzimaliza chai yake ikiwa bado ya moto.

Ndipo mabishano yanapoanzia. Kituo cha televisheni cha ABC cha Marekani kimekuwa kikiirusha filamu hii karibu kila mwaka tangu 1973, katika msimu wa Pasaka. Vizazi vimeijua sura ya Musa kupitia uso wa Charlton Heston, na Farao kupitia kichwa kilichonyolewa cha Yul Brynner. Mtu aliyeitazama mara kumi akiwa mtoto anawezaje kutenganisha alichokisoma na alichooneshwa?

Mwana wa mfalme

Hebu tuifuate hadithi yenyewe. Farao Rameses wa Kwanza anaambiwa kwamba nyota imeonekana, mkombozi wa watumwa amezaliwa. Anaamuru watoto wa kiume wa Waebrania wauawe. Yokebedi anamtia mwanawe katika kikapu na kukiacha kielee mtoni. Mtoto tunayemwona ndani ya kikapu ni Fraser Heston, mwana wa Charlton Heston mwenyewe, aliyekuwa na umri wa miezi michache tu.

Bithia, binti wa Farao aliyefiwa na mumewe, anakiokota kikapu na kumlea mtoto kama wake. Mtumishi wake Memnet anakiona kitambaa cha Walawi kilichomfunika mtoto. Anaapishwa anyamaze. Anakificha.

Tunapomwona tena Musa, ni jemadari anayerudi kutoka vitani huku umati ukimshangilia. Kiti cha enzi sasa ni cha Sethi, mzee mpole anayeigizwa na Cedric Hardwicke, naye anampenda Musa kuliko mwanawe wa kumzaa, Rameses. Atakayerithi kiti atamrithi pia binti mfalme Nefretiri, ambaye Anne Baxter anamwigiza kwa moto usiozimika. Nefretiri anamtaka Musa. Rameses anavitaka vyote viwili, mwanamke na kiti.

Sethi anampa Musa kazi ya kujenga mji ambao Rameses ameshindwa kuumaliza. Musa anafungua ghala la nafaka la makuhani na kuwalisha watumwa, anawapa siku moja ya kupumzika katika kila siku saba, na mji unasimama. Siku hiyo ya mapumziko ni Sabato kabla ya Sabato, lakini tuendelee.

Memnet anaitoa siri yake kwa Nefretiri, akiamini itamwangamiza Musa. Nefretiri anamsukuma kutoka roshani hadi kifo chake. Hata hivyo siri haizuiliki tena. Musa anamfuata Bithia mpaka kwenye kibanda cha Yokebedi, anajua alikozaliwa, anavua vazi la kifalme na kwenda mwenyewe kukanyaga udongo wa matofali pamoja na watumwa.

Huko anamuua Baka, mkuu wa wajenzi, akimwokoa Yoshua asiendelee kuchapwa mijeledi. Dathani, Mwebrania aliyejiuza kwa mabwana, anaibeba habari hiyo hadi kwa Rameses na kulipwa nyumba, cheo na msichana. Musa analetwa mbele ya Sethi akiwa katika minyororo. Mzee, moyo umempasuka, anaamuru jina la Musa lifutwe katika kila nguzo na kila jiwe la Misri. Rameses anamtupa jangwani. Kisha Midiani, kisima, Yethro na binti zake saba, ndoa na Sipora, kichaka cha moto. Mapumziko.

Nefretiri mwenye mapenzi kwa Musa, Memnet, Baka, mashindano ya kurithi kiti: hakuna hata kimoja katika Kutoka. Hata jina la Farao halimo, wala katika Qur'ani. Rameses wa Pili wa historia, aliyetawala miaka 66, alikuwa na mke mkuu aitwaye Nefertari, aliyejengewa hekalu lake Abu Simbel, lakini hakuna kumbukumbu yoyote ya Misri inayomhusisha malkia huyo na Musa.

> Nefretiri mwenye mapenzi kwa Musa, Memnet, Baka, mashindano ya kurithi kiti: hakuna hata kimoja katika Kutoka.

Si Hollywood iliyoanza

Wanaoikataa nusu hii ya kwanza wana hoja nzito. Maandiko yanaponyamaza, wanasema, yananyamaza kwa makusudi. Kuingiza mapenzi ya kasri, wivu na mauaji ya roshani katika maisha ya nabii ni kumshusha. Kwa Waislamu wengi tatizo linaanza hata kabla ya hapo: manabii hawaigizwi. Msimamo huo ndio uliozifanya nchi kama Malaysia na Maldives kuipiga marufuku The Prince of Egypt, filamu ya katuni ya mwaka 1998.

Wanaoitetea hujibu kwamba DeMille hakuwa wa kwanza kulijaza pengo. Hapa ukweli uko upande wao, na unastahili kusemwa kwa kirefu, maana wengi hawaujui.

Katika karne ya pili kabla ya Kristo, Myahudi aitwaye Ezekieli, si yule nabii, aliandika tamthiliya ya Kigiriki kuhusu Musa na kutoka Misri. Vipande vyake vimebaki mpaka leo. Ndani yake Musa anasimama na kusimulia maisha yake, na sauti ya Mungu inasikika kutoka kwenye kichaka. Kwa hiyo kumpandisha Musa jukwaani ni jambo la zaidi ya miaka elfu mbili.

Philo wa Alexandria, katika karne ya kwanza, aliandika kwamba binti Farao hakuwa na mtoto mwingine, na kwamba Musa alitazamwa kama mrithi wa babu yake wa kulea. Josephus, aliyeandika mwishoni mwa karne hiyohiyo, anasimulia jinsi Musa akiwa mtoto alivyolitupa taji la Farao chini na kulikanyaga, na mwandishi mtakatifu wa Misri akataka kumuua. Kwa hiyo fitina ya kiti cha enzi ina mizizi ya zamani.

Jina Bithia linatoka katika Mambo ya Nyakati wa Kwanza, sura ya 4. Na Dathani? Katika Biblia anatokea baadaye sana, katika kitabu cha Hesabu, akimwasi Musa jangwani. Lakini marabi wa kale, katika masimulizi yao, walisema yeye na Abiramu ndio wale Waebrania wawili waliokuwa wakigombana Musa alipowaamua, na kwamba ndio waliokwenda kumchongea kwa Farao. Edward G. Robinson alipomwigiza Dathani kama mpelelezi, alikuwa amevaa joho lililoshonwa na marabi.

Kazi ya utafiti aliisimamia Henry Noerdlinger, ambaye matokeo yake yalichapishwa mwaka 1956 na Chuo Kikuu cha Southern California kama kitabu kinachojitegemea, kiitwacho Moses and Egypt. Waandishi wanne walioandika muswada walitumia pia riwaya tatu, mojawapo ikiwa ya Dorothy Clarke Wilson. Huko kwenye riwaya, si kwa Josephus, ndiko manukato ya Nefretiri yanakonukia zaidi.

Kwa hiyo mimi sina ugomvi na nyongeza. Mapokeo ya Wayahudi, Wakristo na Waislamu yamewazunguka manabii kwa visa tangu zamani, na msikilizaji mzima anajua kisa ni kisa. Ugomvi wangu na DeMille uko kwingine: kwa alivyoviondoa.

Maziwa ya mama na toba ya mwana

Cha kwanza ni mama. Katika Kutoka, dada wa mtoto anatoka mafichoni na kumuuliza binti Farao kama amtafutie mlezi wa kumnyonyesha. Anamleta mama yake mwenyewe, na mama analipwa ujira kwa kumnyonyesha mwanawe. Qur'ani, katika Sura Al-Qasas, inasimulia kwamba mtoto aliwakataa wanyonyeshaji wote mpaka akarudishwa kwa mama yake, ili macho ya mama yapoe na asihuzunike.

Vitabu viwili, dini tatu, na vyote vinakubaliana: mtoto alirudi kifuani kwa mama.

DeMille amelikata hilo lote. Miriamu anachungulia kutoka kwenye mafunjo, anaona ndugu yake amechukuliwa, basi. Yokebedi hamwoni tena mwanawe mpaka miaka mingi baadaye, pale shuka lake linaponaswa chini ya jiwe kubwa linaloburutwa na Musa anasimamisha kazi ili asisagwe. Wanaangaliana na hawajuani.

Sababu inaeleweka. Kama Musa amenyonya kwa Yokebedi, hawezi kushtuka atakapoambiwa ni mwanawe, na bila mshtuko huo nusu ya kwanza haina mhimili. Lakini tazama gharama yake. Kutoka inaanza na ujanja wa wanawake: wakunga wawili wanaomdanganya Farao, mama, dada, binti mfalme, wote wakishirikiana kuivunja amri ya mtawala. Katika filamu ushirikiano huo umekuwa siri ya mwanamke mmoja tajiri, na mama mzazi amebaki wa kulia pembeni.

> Vitabu viwili, dini tatu, na vyote vinakubaliana: mtoto alirudi kifuani kwa mama.

Cha pili ni uzito wa damu. Katika Kutoka, Musa anatazama huku na huku, anaona hakuna mtu, anamuua Mmisri na kumficha mchangani. Kesho yake Mwebrania anayempiga mwenzake anamuuliza ni nani aliyemfanya kuwa mkuu na mwamuzi juu yao. Je, ataka kumuua na yeye pia? Musa anaogopa. Ni swali linaloumiza, na linatoka kwa mtumwa, si kwa Farao.

Qur'ani inakwenda mbali zaidi. Musa anampiga mtu ngumi na mtu anakufa. Papo hapo anasema hiyo ni kazi ya shetani, anakiri kuwa ameidhulumu nafsi yake, anaomba msamaha na anasamehewa.

Kwenye filamu hakuna kutazama huku na huku, hakuna swali la mtumwa, hakuna toba. Baka, anayeigizwa na Vincent Price kwa tabasamu la kutia kichefuchefu, ametengenezwa awe mwovu kiasi kwamba mtazamaji anashusha pumzi anapokufa. Mjeledi wa dhalimu unakuwa silaha ya kumuulia, na Yoshua yuko pale kumtambua shujaa.

Hapa naona hasara kubwa kuliko busu zote za Nefretiri. Mtume wa sheria inayosema usiue aliwahi kuua, na maandiko hayakumwachia alale na hilo kirahisi. Mtoto anayekua na filamu hii peke yake anaukosa usiku ule wa hofu. Mzazi atakayeiweka sebuleni Pasaka ijayo, na iwe Biblia au Msahafu uliopo rafuni, asome ukurasa huo kwa sauti wakati wa mapumziko. Ni ukurasa mmoja tu.

Tofali kwenye mizani

Nikishasema hayo, niseme pia kwamba nusu ya kwanza ndiyo filamu yenyewe. Tuzo ya Oscar pekee iliyoipata, kati ya saba ilizoteuliwa kuwania, ilikuwa ya mbinu maalumu za picha, kazi ya John P. Fulton, na kila mtu huikumbuka bahari ilivyogawanyika. Lakini bahari ni maji. Mtu yuko huku mwanzoni.

Kuna tukio katika hema la ujenzi. Rameses amemleta baba yake ili aone usaliti wa Musa. Kuna mizani. Kwa kila shtaka, nafaka waliyopewa watumwa, siku waliyopewa ya kupumzika, Rameses anaweka uzani upande mmoja, na upande unashuka. Musa hajitetei kwa maneno mengi. Anachukua tofali moja, analiweka upande wa pili, na mizani inalala upande wake. Anamweleza Farao kwamba mwenye nguvu hufyatua mengi, mwenye njaa machache, na maiti hafyatui hata moja.

Ni hoja ya mhandisi, bado si ya nabii. Musa huyu anawalisha watumwa kwa sababu mji unatakiwa uishe. Na uzuri wa saa hizi mbili ni kutazama hoja hiyo ikimchachia mkononi: kutoka faida hadi huruma, kutoka huruma hadi udugu, mpaka anaposimama mbele ya Sethi katika minyororo na kuulizwa ni uovu gani uliomfanya hivi. Anajibu kwamba ni uovu wa kuwageuza ndugu kuwa wanyama wa mizigo kwa sababu tu ni wa asili nyingine na imani nyingine. Kama kuna Mungu, anasema, hakukusudia iwe hivyo.

Anasema "kama". Bado hajui. Heston hakuwahi tena kuigiza vizuri hivyo katika filamu hii.

Maneno hayo yalisikika New York Novemba 8. Siku tano baadaye, Novemba 13, 1956, Mahakama Kuu ya Marekani ilithibitisha kwamba kuwatenga weusi kwenye mabasi ya Alabama ni kinyume cha katiba, huku wakazi weusi wa Montgomery wakiwa wamegomea mabasi hayo kwa karibu mwaka mzima. Filamu haikuandikwa kwa ajili yao. DeMille alipozungumza mbele ya pazia juu ya watu kuwa mali ya dola, alikuwa akiielekeza hotuba yake kwa Moscow, si kwa Montgomery.

Alikuwa mpinga ukomunisti wa kutoyumba. Mwaka 1950 aliongoza juhudi za kuwalazimisha waongozaji wenzake wa filamu wale kiapo cha utii. Lakini huyohuyo alimpa Edward G. Robinson nafasi ya Dathani wakati ambapo mwigizaji huyo, kwa kutiliwa shaka za kisiasa, alikuwa hapati kazi nzuri. Robinson alimshukuru waziwazi maisha yake yote. Mtunzi wa muziki, kijana Elmer Bernstein, naye alikuwa ametiliwa shaka hizohizo. Moyo wa DeMille, mara chache, ulikuwa mpana kuliko siasa zake.

Kibali cha Cairo

Picha nyingi za kasri zilipigwa katika studio za Paramount huko Hollywood, lakini DeMille aliitaka Misri yenyewe. Alikwenda mwaka 1954, serikali ya kifalme ikiwa imepinduliwa miaka miwili kabla na maofisa wa jeshi. Kwa nini maofisa hao wamruhusu Mmarekani kupiga filamu ambamo Misri ndiyo dhalimu?

Kwa mujibu wa masimulizi ya DeMille na wenzake, jibu lilikuwa filamu nyingine. Mwaka 1935 alitengeneza The Crusades, juu ya vita vya msalaba, na humo Salahuddin alioneshwa kama mtu muungwana na mwenye heshima. Maofisa hao walikuwa wameiona ujanani na hawakuisahau. Aliyemwigiza Salahuddin ni Ian Keith, na ndiye huyohuyo anayeifungua The Ten Commandments kama Rameses wa Kwanza, akiamuru watoto wauawe.

Malango makubwa ya mji yalijengwa Beni Youssef, si mbali na Giza. Kamera zilipanda mpaka Sinai, kwenye mlima ambao Waarabu wanauita Jabal Musa, na Heston akapiga picha za jangwa na za mlima mahali ambapo mahujaji wamekuwa wakipanda kwa karne nyingi. Novemba 1954, baada ya kupanda ngazi ndefu juu ya malango hayo kwenda kukagua kamera, DeMille alipatwa na mshtuko wa moyo. Baada ya siku chache alikuwa amerudi kazini.

Filamu ilipokuwa tayari, Misri ilikuwa vitani. Israel, Uingereza na Ufaransa waliishambulia kwa sababu ya Mfereji wa Suez, na mapigano yalisimama siku mbili tu kabla ya onyesho la Criterion. Watazamaji waliokuwa wakisoma magazeti asubuhi juu ya Nasser, rais wa Misri, walikaa jioni kumtazama Farao. Sidhani kama kuna aliyeweza kuwatenganisha wawili hao kichwani.

Tharbis wa Kushi

Kuna kitu cha tatu alichokiondoa DeMille, au tuseme alikionesha kwa dakika chache kisha akakiacha kipite, nacho ndicho kinachotuhusu zaidi sisi wa upande huu wa Mto Nile.

Josephus anasimulia kwamba Waethiopia, yaani watu wa Kushi, katika nchi ambayo leo ni Sudan, waliivamia Misri, na Musa akapewa jeshi la kuwarudisha nyuma. Njia yake ilipita penye nyoka wengi, naye akabeba ndege wala nyoka katika vikapu na kuwafungulia mbele ya askari. Aliuzingira mji wa kifalme, ambao Josephus anasema baadaye uliitwa Meroe. Binti mfalme Tharbis alimwona kutoka kwenye kuta, akampenda, akatuma ujumbe wa ndoa. Musa alikubali kwa sharti la mji kusalimu amri, wakaoana.

Wengi wanakihusisha kisa hicho na kitabu cha Hesabu, sura ya 12, ambapo Miriamu na Haruni wanamnung'unikia Musa kwa sababu ya mke wake Mkushi. Adhabu ya Mungu inamwangukia Miriamu, anayenung'unika. Mke wa Kushi hapatikani na lawama yoyote.

DeMille anaujua mkasa huo. Anaviweka vita vya Ethiopia nje ya picha, kisha anamleta Musa mbele ya Sethi pamoja na mfalme wa Ethiopia na dada yake Tharbis, anayeigizwa na Esther Brown. Musa anamwambia Farao kwamba hawa hawakuja kama mateka bali kama marafiki. Tharbis anampa Musa jiwe la kijani kama zawadi, kwa maneno ya heshima yenye mapenzi ndani yake. Nefretiri anaona wivu. Ndipo Waethiopia wanapotoka kwenye hadithi na hawarudi.

Mfalme huyo ni Woody Strode, mtu mrefu mwenye umbo la sanamu, ambaye mwaka 1946 alikuwa mmoja wa wachezaji weusi wa kwanza kurejeshwa katika ligi kuu ya mpira wa Kimarekani baada ya miaka mingi ya kutengwa. Miaka minne baada ya filamu hii angeitikisa Spartacus akiwa mpiganaji Mwethiopia. Hapa, licha ya taji lake, anaonekana pia miongoni mwa watumishi wanaobeba machela ya Bithia. Misri yenyewe imejaa nyuso za Marekani na Ulaya zilizopakwa rangi ya shaba.

Ninaitazama ile karamu ya ushindi na kufikiria filamu ambayo ingetokea kama kamera ingebaki na Tharbis: mwanamke mweusi anayeokoa mji wake kwa ndoa, na nabii mwenye mke wa Kushi muda mrefu kabla ya kisima cha Midiani. DeMille aliyejaza miaka thelathini kwa uhodari mkubwa kiasi hicho alikuwa na kisa hiki mkononi, kimeandikwa na mwanahistoria aliyemtaja mwenyewe mbele ya pazia, akachagua mapenzi ya Nefretiri.

Uamuzi huo umezaa watoto. The Prince of Egypt ya 1998 iliwafanya Musa na Rameses ndugu waliokua pamoja katika kasri moja. Ridley Scott alifanya hivyohivyo mwaka 2014 katika Exodus: Gods and Kings, filamu iliyopigwa marufuku nchini Misri na kulaumiwa kwingine kwa kuwapa weupe nafasi zote kubwa. Undugu huo wa Musa na Rameses, ambao haumo katika Kutoka wala katika Qur'ani, sasa umezoeleka kiasi kwamba hakuna anayeuliza ulitoka wapi. Tharbis, ambaye Josephus alimwandika zaidi ya miaka 1,900 iliyopita, hayumo katika filamu yoyote kati ya hizo mbili.